Baba alifia kazini: je, kiti chake ni cha familia?

"Shikamoo mzee. Baba yetu alikuwa dereva wa halmashauri moja hapa mkoani Mbeya kwa miaka 19. Mwaka jana alipata ajali pale Inyala akiwapeleka maofisa Dodoma, akafariki. Ameacha mama, mimi mkubwa mwenye miaka 27, mdogo wangu wa kike yuko kidato cha sita, na wawili wako shule ya msingi. Siku ya mazishi mkuu wa idara mmoja alisimama akasema serikali haitaiacha familia hii. Sasa tumesikia halmashauri imepata kibali cha ajira mbadala na nafasi ya dereva imo. Baba mdogo, ambaye ndiye anayeshika makaratasi yote ya marehemu, anasema nafasi hiyo ni ya kwetu, niandike barua kwa Mkurugenzi. Kuna mtu mwingine anasema tukimpa laki nane jina langu litaingia kwenye mkeka wa walioajiriwa. Kidato cha nne nimemaliza, leseni ninayo, naendesha Noah ya abiria Tukuyu–Mbeya. Lakini rafiki yangu tuliyesoma naye, ambaye baba yake ni mkulima tu, ameomba kazi serikalini miaka yote hii hajapata. Ameniambia wazi kwamba nikiingia kwa njia hiyo nitakuwa nimemwibia. Nimesoma pia kwamba India mtoto wa mtumishi aliyefariki huajiriwa kisheria. Je, nina haki au sina? Ndaga fijo."

Marahaba, kijana wangu, na poleni sana, wewe, mama na wadogo zako.

Nikujibu kwanza lile uliloliuliza. Nafasi ya dereva iliyoachwa na baba yako si mali ya familia yenu, na hakuna sheria Tanzania inayokupa wewe kwa sababu tu ya kuwa mwanawe. Unayo haki ya kuigombea, sawa na rafiki yako. Ila familia yenu ina haki nyingine, nzito kuliko hiyo kazi, na katika barua yako yote hukuitaja hata mara moja. Hiyo ndiyo iliyonifanya nikuandikie kwa urefu. Nimekaa kwenye ofisi za utumishi za halmashauri za nyanda hizi za juu hadi nikastaafu, na nimeona familia zikihangaikia barua ya ajira miezi kwa miezi huku bahasha ya mafao haijafunguliwa.

Tuanze na hiyo ajira mbadala, maana nadhani baba mdogo ameipokea kwa maana ya nyumbani. Mtumishi akifariki, mwajiri anapaswa kumwondoa kwenye mfumo wa taarifa za kiutumishi na mishahara. Hapo ikama, yaani idadi ya watumishi wanaoruhusiwa, inabaki na pengo. Mapengo ya namna hiyo yanatokana na wengi: waliokufa, waliostaafu, waliofukuzwa, walioacha kazi wenyewe. Mwajiri huyakusanya na kuomba kibali Ofisi ya Rais, Utumishi, ili yajazwe. Kibali kikirudi kinataja kada na idadi: madereva wawili, watendaji wa vijiji watano, mtunza kumbukumbu mmoja. Hakitaji jina la marehemu, wala ukoo wake, wala kwamba dereva mpya atoke Rungwe. Kinachobadilishwa ni mtumishi kwa mtumishi. Baada ya hapo tangazo linatolewa, watu wanaomba kupitia mfumo wa Ajira wa Sekretarieti ya Ajira, wanachujwa, wanafanya usaili. Sekretarieti hiyo ilianzishwa kwa marekebisho ya mwaka 2007 ya Sheria ya Utumishi wa Umma ya 2002, na moja ya sababu za kuwepo kwake ni kuwatoa mabosi kwenye kishawishi cha kuajiri wajomba na shemeji zao.

Nyuma ya utaratibu huo ipo Katiba. Ibara ya 22 inampa kila raia fursa sawa, kwa masharti ya usawa, ya kushika kazi yoyote iliyo chini ya mamlaka ya nchi. Raia huyo ni wewe, na ni rafiki yako mtoto wa mkulima. Mkurugenzi akikupa nafasi kwa barua yako ya kuomba huruma, bila tangazo wala usaili, hatakuwa amekusaidia. Ajira yako itakuwa na kasoro tangu siku ya kwanza, na uhakiki wowote utakaopita utakukuta hapo.

Yule mkuu wa idara aliyesimama kaburini simlaumu sana. Msibani kwetu watu husema mengi, na mengi husemwa kwa moyo safi. Lakini kauli ya msibani haiajiri mtu, na mkuu wa idara hana mamlaka ya kuajiri hata mlinzi. Ukitaka kujua alimaanisha nini, nenda ukamwombe awasaidie kufuatilia madai ya fidia. Hilo liko ndani ya uwezo wake, na ni deni ambalo ofisi inadaiwa kweli.

Kuhusu India, ulichosoma kipo, ila kimekufikia nusu. Serikali yao ina utaratibu wa ajira ya huruma kwa mwenza au mtoto wa mtumishi aliyefia kazini, au aliyestaafishwa kwa ugonjwa. Mwongozo wa serikali kuu wa mwaka 1998 unaubana: ni kwa kada za chini tu, na usizidi asilimia 5 ya nafasi za kuajiriwa moja kwa moja. Mahakama ya Juu kabisa ya nchi hiyo, katika shauri la Umesh Kumar Nagpal la mwaka 1994, ilisema waziwazi kwamba huo si urithi wala haki ya kudai. Lengo lake ni kuiokoa familia iliyoanguka ghafla, kwa hiyo kinachopimwa ni dhiki ya familia, siyo damu. Familia yenye mali au yenye kipato kingine inaweza kukosa, na foleni ni ndefu kwa sababu asilimia 5 ni kidogo. Jirani yao Pakistan walikuwa na utaratibu unaofanana, na Oktoba 2024 Mahakama ya Juu huko iliufuta, ikisema ni ubaguzi dhidi ya raia wengine. Bangladesh walikuwa na jambo la jamii hiyohiyo: asilimia 30 ya ajira za serikali ziliwekwa kwa wazao wa wapigania uhuru. Mwaka huohuo wa 2024 vijana waliingia barabarani kupinga, na vuguvugu lile liliishia kwa waziri mkuu kukimbia nchi. Nakueleza haya ili usiione hasira ya rafiki yako kuwa ni wivu wa kijiweni.

Hata hivyo sitakudanganya kwamba wanaoutetea utaratibu wa namna hiyo hawana hoja. Wanayo. Dereva wa halmashauri hapati mshahara wa kumwezesha kuweka akiba. Analala njiani, anaendesha usiku kwa sababu kikao cha Dodoma kinaanza saa mbili asubuhi, na akifa mshahara unakatika siku hiyohiyo wakati ada, chakula na kodi havikatiki. Mafao nayo yanaweza kuchelewa. Mtu akisema "mpeni mtoto wake kazi kesho asubuhi, njaa haisubiri mafaili", ninamwelewa. Tena kwa mwajiri binafsi, mwenye shamba au mwenye mabasi, akimchukua mtoto wa dereva wake aliyefariki nitampongeza. Fedha ni zake.

Ila fikiria wenzake baba yako. Tuseme siku ileile ya ajali alikufa na ofisa mwingine aliyeacha mjane na watoto wa miaka mitatu na mitano. Mtoto wa miaka mitano hawezi kushika usukani. Kwa kanuni ya baba mdogo, familia hiyo yenye shida kuliko yenu haipati kitu, nanyi mnapata kwa bahati tu ya kuwa na kijana wa miaka 27 mwenye leseni. Na hata kwenu, mshahara utaingia kwenye akaunti yako wewe, siyo ya mama. Leo una nia njema. Kesho utaoa, utapangiwa kituo mbali, na wale wawili wa shule ya msingi watategemea ukarimu wako badala ya haki yao. Nimewahi kusuluhisha kesi za mama na mwanawe juu ya jambo kama hilo, na hazina mshindi.

Kisha kuna baba wa rafiki yako. Naye atakufa siku moja, pengine akiwa shambani. Amelipa kodi kwenye mbolea na kwenye soda, ushuru wa mazao ameukatwa kila akipeleka ndizi sokoni, na hiyo ndiyo iliyomlipa baba yako. Ukimwambia kwamba mtoto wa mtumishi anarithi ofisi na mtoto wa mkulima anarithi jembe, umemrudisha kwenye mambo ya machifu.

Upo upendeleo unaoruhusiwa na sheria, nisije nikakuacha na picha kwamba usawa ni kumtendea kila mtu kwa kipimo kimoja. Sheria ya Watu Wenye Ulemavu ya mwaka 2010 inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 au zaidi ahakikishe asilimia 3 wawe watu wenye ulemavu. Lakini angalia: umeandikwa, una kikomo, unajulikana na wote, na unatazama kizuizi alichonacho mwombaji mwenyewe. Siku Bunge likiona familia za marehemu nazo zinastahili kitu cha namna hiyo, litunge sheria na tuijadili hadharani. Binafsi ningeipinga, ningetaka nguvu hiyo ielekezwe kwenye kuharakisha mafao. Huruma ya mezani, inayotegemea nani alimjua marehemu, ndiyo inayozaa watu kama huyo wa laki nane.

Na huyo nimalizane naye upesi. Kama ni kishoka, yaani tapeli tu, fedha yenu imekwenda, kwa sababu hana mkeka wowote. Kama si kishoka, ana mkono kweli ndani, basi yeye na ninyi wote mmetenda kosa chini ya Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007, maana mtoaji naye anashitakiwa. Msimpe hata nauli. Kama mmeshamtumia chochote kwa simu, usifute ujumbe wa muamala. Piga TAKUKURU namba 113, ni bure.

Sasa tuje kwenye kile ambacho hukukitaja.

Baba yako alikufa akiwa safarini kwa kazi ya mwajiri. Hiyo ni ajali ya kazini, na kuna Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, uliotokana na sheria ya mwaka 2008 na kuanza kazi mwaka 2015. Unahusu sekta ya umma na binafsi. Anayechangia ni mwajiri peke yake, mfanyakazi hakatwi hata senti, na nadhani ndiyo maana familia nyingi hazijui kama upo: haumo kwenye makato ya hati ya mshahara. Mfanyakazi akifa kutokana na kazi, Mfuko hutoa msaada wa mazishi na malipo kwa wategemezi wake. Hamhitaji kuthibitisha kwamba halmashauri ilizembea au kwamba lori la mbele ndilo lenye kosa. Mnachothibitisha ni kwamba alikuwa kazini na kifo kimetokana na kazi hiyo. Mwajiri ndiye anayepaswa kutoa taarifa ya ajali kwa Mfuko, kwa hiyo swali la kwanza la mama kwa afisa utumishi liwe hili: "Taarifa ya ajali ya mume wangu ilipelekwa WCF lini, na nakala iko wapi?" Aulize hivyohivyo, na ajibiwe kwa maandishi. Madai haya yana ukomo wa muda, na wewe unasema ajali ilikuwa mwaka jana. Usiache wiki hii ipite.

Pili ni PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma, uliozaliwa mwaka 2018 kwa kuunganisha PSPF, LAPF, PPF na GEPF. Baba yako kwa miaka 19 lazima alianzia kwenye mmojawapo wa hiyo ya zamani, na kwa watu wa halmashauri mara nyingi ulikuwa LAPF. Hakikisheni michango ya kipindi chote imeunganishwa, maana hapo ndipo miezi hupotea. Mafao ya warithi huenda kwa mwenza na watoto wanaomtegemea, hasa wadogo walio shuleni. Wewe kwa umri wako huenda usihesabiwe kuwa mtegemezi, na usinune kwa hilo. Fungueni madai ya PSSSF na ya WCF kila moja peke yake. Ni mifuko miwili, na faili la huku haliendi kule lenyewe.

Ili milango hiyo ifunguke mtahitaji cheti cha kifo cha RITA, wakala wa serikali wa kusajili vizazi na vifo, cheti cha ndoa, vyeti vya kuzaliwa vya watoto, taarifa ya polisi ya ajali, barua ya ajira ya baba na hati yake ya mwisho ya mshahara, na kwa kawaida hati ya usimamizi wa mirathi kutoka Mahakama ya Mwanzo. Hapa nina neno na baba mdogo, nalisema kwa heshima. Kikao cha ukoo kinapendekeza msimamizi, mahakama ndiyo inayomteua, na mjane anaweza kabisa kuteuliwa. Msimamizi hamiliki kitu. Anakusanya, analipa madeni, anagawa, kisha anarudi mahakamani kutoa hesabu. Katika nyumba yenye watoto wawili wa shule ya msingi, ningependa kumwona mama yako kwenye karatasi hiyo, au basi awe na nakala ya kila karatasi iliyo kwenye mfuko wa baba mdogo. Sisemi kwamba ana nia mbaya. Nasema makaratasi yakae pia kwa mwenye watoto.

Jambo moja la hatari. Ikiwa mshahara wa baba uliendelea kuingia benki baada ya kifo, hata mwezi mmoja, msiuguse. Utadaiwa. Serikali ilipowasaka watumishi hewa mwaka 2016, miongoni mwao walikuwamo marehemu ambao mishahara yao ilikuwa bado inatoka.

Mdogo wako wa kidato cha sita aanze mapema kuandaa maombi ya Bodi ya Mikopo. Kufiwa na mzazi ni moja ya mambo yanayozingatiwa, lakini cheti cha kifo lazima kiwe kimehakikiwa na RITA kwanza. Kila mwaka wapo wanaokosa kwa sababu ya hatua hiyo moja.

Na wewe sasa. Fungua akaunti kwenye mfumo wa Ajira kabla tangazo halijatoka, pakia vyeti vyako, hakikisha majina kwenye cheti cha kidato cha nne, kitambulisho cha taifa cha NIDA na leseni yanafanana. Matangazo ya dereva daraja la pili kwa kawaida hutaka cheti cha kidato cha nne, leseni ya daraja E au C ambayo umeifanyia kazi angalau mwaka mmoja bila kusababisha ajali, na cheti cha mafunzo ya msingi ya uendeshaji magari kutoka VETA au chuo kingine kinachotambuliwa na serikali. Hicho cha mwisho hukukitaja, na vijana wengi wa Noah hawana, wanajua gari kuliko mwalimu wa VETA lakini wanaachwa kwenye mchujo. VETA ipo hapa Mbeya. Katafute nafasi kabla ya kuandika barua yoyote kwa Mkurugenzi. Umri usikutishe, matangazo mengi yanaishia miaka 45.

Kwenye usaili wa vitendo watakutazama tangu unavyolizunguka gari kabla ya kupanda: matairi, maji, oili, breki, taa. Watu hufeli hapo, siyo barabarani. Na ukifaulu ukakosa nafasi kwa sababu ni mbili na wewe ni wa tatu, jina lako linaweza kubaki kwenye kanzidata na kupangiwa nafasi ikipatikana, pengine siyo Mbeya bali Ludewa au Katavi. Ukiulizwa kama uko tayari kwenda popote, jibu ukiwa umeshaongea na mama.

Swali la baba yako likija kwenye mahojiano, sema ukweli kwamba alikuwa dereva na alifia kazini. Hakuna ubaya. Usiligeuze kuwa ombi.

Kuna mahali barua yangu haitoshi. Kama afisa utumishi hatawapa nakala ya taarifa ya WCF, au mkiambiwa kwamba ajali haikuwa ya kikazi, au ukoo ukigawanyika juu ya msimamizi wa mirathi, tafuteni msaada wa ana kwa ana mara moja. Kila wilaya ina wasaidizi wa kisheria wanaotambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017, na hawatozi malipo. Ofisi ya ustawi wa jamii ya wilaya itawaelekeza waliko. Kama baba alikuwa anakatwa ada ya TALGWU, chama cha wafanyakazi wa serikali za mitaa, nendeni na hati ya mshahara inayoonyesha makato hayo mkamwombe katibu wa chama aende nanyi kwa mwajiri. Wakili wa kulipwa mtamhitaji tu ikiwa madai ya fidia yamekataliwa kwa maandishi, na hapo mwende na hayo maandishi, kwa sababu muda wa kupinga nao una kikomo.